Gerimani au silikoni: jua transista iliyo mbele yako kabla ya kulehemu

Redio nyingi za zamani zinazofika mezani kwa fundi zikiwa zimekufa kabisa zilimalizwa na fundi aliyetangulia. Alitoa transista (kipande kidogo kinachokuza ishara ya umeme) ya mwaka 1962, akaweka ya leo yenye miguu mitatu vilevile, akawasha. Redio ikawa bubu, au ikatoa moshi. Mara nyingi chanzo ni kimoja: transista ya zamani ni ya gerimani, mpya ni ya silikoni, na saketi nzima ilipangwa kwa ajili ya moja tu kati ya hizo. Kabla hujashika chuma cha kulehemu, jua uliyonayo ni ipi. Kwa kazi hii historia kidogo inasaidia kuliko mita ya bei ghali, kwa sababu ndiyo inayokuambia upime nini.

Transista ya kwanza ilifanya kazi tarehe 16 Desemba 1947 katika maabara ya Bell, Murray Hill, New Jersey, mikononi mwa John Bardeen na Walter Brattain. Ilikuwa kipande cha gerimani kilichoguswa na ncha mbili za dhahabu. Mwanzoni mwa 1948 William Shockley akabuni transista ya tabaka, ambayo ndiyo mzazi wa zote utakazozikuta kwenye redio. Gerimani ilitangulia kwa sababu ya usafishaji. Semikondakta, yaani mata inayopitisha umeme nusunusu kama gerimani na silikoni, ikiwa na uchafu kidogo tu haifai kitu, na gerimani inayeyuka kwenye nyuzi 938 za selsiasi, wakati silikoni inataka 1,414. Tena silikoni iliyoyeyuka inakishambulia chombo chake na kunyonya uchafu wake. Viwanda vikaenda kwenye njia rahisi. Mgodi wa Kipushi, Katanga, nchini Kongo, ulikuwa miongoni mwa vyanzo vikuu vya gerimani duniani katika miaka ya 1950, ikisafishwa Ubelgiji. Huenda basi baadhi ya transista za redio za Ulaya zilianza safari zake huku kwetu Afrika, ingawa hakuna namna ya kulithibitisha hilo kwa kuitazama moja.

Mwaka 1952 Bell walianza kuwafundisha wenye leseni namna ya kutengeneza transista, na hapo ndipo biashara ya elektroniki ilipofunguka. Texas Instruments walipata leseni, na baadaye kampuni ndogo ya Tokyo ambayo leo tunaiita Sony. Oktoba 1954 ikatangazwa Regency TR-1, redio ya mfukoni yenye transista nne za Texas Instruments, kwa dola 49.95. Sony wakafuata na TR-55 mwaka 1955. Redio za Philips na National zilizojaa sebuleni kwetu miaka ya 1960 ni za ukoo huohuo: ukifungua ya kabla ya 1965 au hapo karibu, chukulia kuwa ni gerimani mpaka mita ikukatalie.

Silikoni ilitoka mapema kuliko wengi wanavyodhani. Mei 1954 Gordon Teal wa Texas Instruments alitumbukiza transista ya gerimani ya mashine ya santuri kwenye mafuta ya moto, muziki ukakatika. Alipoweka ya silikoni, muziki ukaendelea. Lakini kilichoizika gerimani hasa ni oksidi. Silikoni ikioksidishwa hujivika gamba gumu kama kioo linaloilinda, ilhali oksidi ya gerimani huyeyuka kwenye maji. Jean Hoerni wa kampuni ya Fairchild alilitumia gamba hilo mwaka 1959 kutengeneza transista bapa, na mwenzake Robert Noyce akajenga juu yake wazo la chipu, yaani saketi nzima kwenye kipande kimoja. Ile chipu ya Jack Kilby wa Texas Instruments ya Septemba 1958 ilikuwa bado ya gerimani. Baada ya hapo mashindano yaliisha, isipokuwa kwenye redio, ambako gerimani iling'ang'ania hadi miaka ya 1970, hasa kwenye hatua ya mwisho ya sauti, ile inayosukuma spika. Ndiyo maana utakuta redio za mchanganyiko: mbele BF194 za silikoni, nyuma jozi ya AC127 na AC128 za gerimani. Hizo ndizo zinazowachanganya mafundi zaidi.

Anza kwa kusoma jina. Ulaya ya zamani iliandika OC na namba: OC44 na OC45 kwa mawimbi ya redio, OC71 na OC72 kwa sauti. Zote hizo ni gerimani. (Herufi O ilirithiwa kutoka kwenye majina ya vali, zile taa za kioo zilizotangulia transista, na ina maana ya volti sifuri za kupashia moto.) Mfumo uliofuata ni rahisi: herufi ya kwanza A ni gerimani, B ni silikoni, ya pili C ni sauti ndogo, D ni sauti yenye nguvu, F ni mawimbi. Kwa hiyo AC128 na BC108 ni ndugu wa kazi, si wa damu. Kijapani 2SA na 2SB ni PNP, 2SC na 2SD ni NPN (aina mbili za transista ambazo chanya na hasi zake hupingana), na jina halikuambii elementi, hivyo lazima upime. Kadhalika za Kimarekani zinazoanza na 2N.

Kupima ni kazi ya nusu dakika. Weka mita ya dijitali kwenye alama ya dayodi (kifaa kinachopitisha umeme upande mmoja tu). Miguu mitatu ya transista ni besi, emita na kolekta. Kwa PNP, waya mweusi uwe kwenye besi na mwekundu kwenye emita, kisha kolekta. Ukisoma milivolti 200 hadi 300, ni gerimani. 550 hadi 700, ni silikoni. Redio ikiwa inawaka, pima volti kati ya besi na emita palepale kwenye bodi: gerimani yenye afya huonyesha volti 0.1 hadi 0.25. Ukikuta 0.6 kwenye gerimani, njia ya besi imekatika ndani.

Kipimo cha pili ni cha uvujaji, yaani mkondo unaopenya hata transista ikiwa imefungwa, na hapa ndipo gerimani inapotofautiana na kila ulichozoea. Chukua betri ya volti 9. Unganisha chanya kwenye emita ya PNP, na hasi kwenye kolekta kupitia mita ya miliampea na rezista ya kiloomu 1. Besi iache hewani. Silikoni itaonyesha sifuri. Gerimani ndogo nzuri ya sauti huonyesha maikroampea mia moja hadi mia tatu hivi. Ikizidi miliampea 1, au namba ikiwa inapanda tu bila kutulia, itupe. Usiishike kwa vidole wakati unapima, maana joto la mkono pekee linatosha kuipandisha. Kwa sababu hiyohiyo usiamini tundu la hFE (kipimo cha ukuzaji) la mita za bei nafuu. Mita inayopeleka maikroampea 10 kwenye besi, ikikutana na uvujaji wa 300, itakuongezea 30 za uongo kwenye hesabu, na transista mbovu itaonekana hodari.

Kabla ya kuilaumu transista yoyote, badilisha kapasita za elektroliti (vihifadhi chaji vyenye kimiminika ndani). Kwenye redio za umri huu nyingi zimekauka. Ya maikrofaradi 100 iliyo sambamba na betri ikikauka, redio hutoa mlio wa puto-puto kama boti, hasa betri zikiwa zimechoka. Zile za 5 au 10 zinazovusha sauti kati ya hatua zikikauka, sauti inabaki nyembamba na ya mbali. Weka mpya za volti 16, 4.7 badala ya 5 haina neno. Angalia sana upande wa chanya: redio nyingi za PNP zina chanya kwenye mwili, kinyume cha ulichozoea, na fundi wa kizazi cha silikoni huzigeuza bila kufikiri.

Sasa tuje kwenye kubadilisha. Gerimani kwa gerimani ndiyo njia safi, hata ikiwa umeitoa kwenye redio nyingine iliyokufa. Ukilazimika kuweka silikoni, mathalani BC557 mahali pa OC71, mpangilio wa miguu utakuwa tofauti, kwa hiyo tazama karatasi ya data, kisha rekebisha volti za besi. Tuchukue hatua ya volti 6 yenye rezista ya kiloomu 47 kutoka hasi hadi besi, 10 kutoka besi hadi chanya, na 1 kwenye emita. Besi inapata volti 1.05. Gerimani inakula 0.2, inabaki 0.85 kwenye emita, yaani mkondo wa miliampea 0.85. Silikoni inakula 0.65, inabaki 0.40, mkondo umepungua zaidi ya nusu. Redio italia, lakini kwa unyonge na mikwaruzo. Badilisha ile 47 iwe 33: besi inapanda karibu volti 1.4, na mkondo unarudi takribani miliampea 0.75. Rezista moja, kazi imekwisha.

Hatua ya mwisho haisamehe hivyo. Jozi ya gerimani inapewa volti 0.15 tu kwenye besi ili iwe macho kidogo. Ukiweka silikoni hapo, zinalala hadi sauti iwe kubwa, na usemi wa chini unasikika umekatwakatwa. Badilisha zote mbili, kamwe si moja. Weka dayodi ya silikoni ya 1N4148 mahali pa rezista ya chini inayozipa besi volti, na kila emita iwe na rezista ndogo ya omu 4.7 hadi 10. Kosa la kinyume ni baya zaidi. Gerimani ikiwekwa kwenye saketi ya silikoni inapewa volti 0.6, inapitisha mkondo mwingi, inapata joto, joto linaongeza uvujaji, uvujaji unaongeza joto, na ndani ya dakika imeungua. Kwa kawaida uvujaji huongezeka mara mbili kwa kila nyuzi kumi hivi, kwa hiyo redio iliyopona mezani asubuhi inaweza kufia juani mchana.

AF114, AF115, AF116 na AF117 zina ugonjwa wao peke yao. Zimo ndani ya kikopo cha chuma chenye miguu minne, na mguu mmoja ni wa ngao, umeunganishwa na kikopo. Ndani ya kikopo huota nywele nyembamba za bati zinazogusa miguu mingine na kupiga shoti. Bandua, kisha pima kati ya ngao na kila mguu: pasiwe na njia kabisa. Ukipata omu chache, zimeota. Kuna wanaoukata mguu wa ngao na redio ikarudi kwa muda. Ni sawa kwa kujaribu, lakini usimkabidhi mteja hivyo, kwani nywele zinaweza kuunganisha besi na kolekta kesho. AF117 ambayo haijawahi kutumika nayo huota ikiwa ndani ya boksi, kwa hiyo usilipie zaidi eti kwa kuwa ni mpya.

Dayodi ya kunasa sauti, OA90 au 1N60, nayo ni gerimani. Ukiweka 1N4148, stesheni za karibu zitasikika na za mbali zitapotea, maana ishara yake haifiki volti 0.6. Tumia BAT85 au dayodi nyingine ya Schottky (aina inayofunguka kwa volti ndogo), na ufuate mwelekeo uleule, la sivyo udhibiti wa nguvu ya sauti unaojiendesha wenyewe utafanya kazi kinyumenyume.

Wakati wa kulehemu, chuma cha wati 25 hadi 30 kinatosha. Acha mguu wa transista usipungue milimita 10, bana koleo kati ya lehemu na mwili wake ili joto liishie hapo, na usikae zaidi ya sekunde tatu. Rangi nyeusi ya OC71 usiikwaruze: chini yake ni kioo, na mwanga ukiingia transista inapitisha mkondo kwa mwanga huo.

Redio ikiwa na sauti ya kunguruma lakini hakuna stesheni, chunguza kama oseleta, saketi inayozalisha wimbi ndani ya redio, inafanya kazi. Weka redio nyingine nzima karibu yake. Mbovu iweke kwenye kilohezi 600, nzima izungushe hadi 1,055, kwa kuwa oseleta ya redio nyingi huwa juu ya stesheni kwa 455. Ukisikia mluzi au kunguruma kukizimwa ghafla pale unapoizungusha ile mbovu, oseleta iko hai na tatizo liko kwenye hatua zinazofuata. Kukiwa kimya, transista ya kwanza ndiyo ya kubandua.

Mwisho, kabla ya kufunga kasha, weka mita mfululizo na betri, sauti ikiwa sifuri. Redio ya transista sita kwa kawaida inakula miliampea 8 hadi 15. Ikikula 40, zima palepale na urudi kwenye jozi ya mwisho. Ikiwa ndani ya kiwango, iache iwake nusu saa huku ukiitazama namba: kupanda miliampea moja au mbili si kitu, ila ikizidi kupanda bila kutulia, mojawapo ya gerimani bado inavuja.