Mbwa ana bandeji mguuni na ananuka, nimuogesheje?

Mkuu umesema mbwa wako ana bandeji mguu wa mbele, leo siku ya sita, nyuzi bado hazijatolewa na ananuka hadi watoto wanamkimbia. Kabla hujagusa maji inama uinusie bandeji yenyewe, kama harufu inatoka humo basi sio uchafu wa mwili, hapo kuoga weka pembeni umpeleke kwa dokta wa mifugo leo leo.

Mi nasema hivi kwa sababu yalinikuta. Jike langu la kienyeji alikanyaga chupa huku Kigamboni akashonwa nyuzi nne kwenye unyayo. Nikamvisha mfuko wa nailoni, nikafunga na mpira ule wa kufungia noti, nikamwagia maji kama siku zote. Bandeji ililowa kidogo, nikamuweka juani, nilipoishika ilikuwa kavu nikaridhika. Kumbe juu ndo pamekauka, pamba ya ndani bado majimaji. Siku ya pili akaanza kuitafuna, na dokta alipoifungua ngozi ya katikati ya vidole ilikuwa nyeupe imejikunyata kama mikono ya mtu aliyefua kutwa nzima, na uzi mmoja umeachia. Iliniuma sana aisee. Na ule mpira nao dokta alinikataza kabisa, unakaba damu isifike mguuni.

Kwahiyo usimuogeshe, mfute. Nyuzi mara nyingi zinatolewa siku ya 10 hadi 14, hujabakiza siku nyingi. Chukua ndoo ya maji ya uvuguvugu na taulo dogo, likamue mpaka lisidondoshe hata tone, anza shingoni, mgongo, tumbo, makalio, suuza taulo urudie, halafu mkaushe na taulo lingine. Shampuu weka tone tu kwenye maji, iwe ya mbwa, zetu zinamkausha ngozi ataanza kujikuna. Mimi wangu nilimfuta jioni mbili mfululizo na harufu ikaisha.

Mguu wenyewe muombe dokta mfuko mtupu wa dripu, ni mgumu hautoboki na kucha kama nailoni. Unaukata juu, mguu unaingia, unafunga na kitambaa kilegevu kidole chako kipite. Ila ni kinga ya matone na umande wa asubuhi, usimwagie maji kwa kuutegemea. Na ukimaliza tu uvue hapo hapo, usimuache nao kutwa, unyayo wa mbwa unatoka jasho na ndani panalowa vile vile hata kama hakuna tone lililoingia.

Bandeji ikilowa kwa bahati mbaya usisubiri ikauke, ibadilishwe siku hiyo hiyo. Na kila asubuhi angalia vile vidole viwili vinavyochungulia chini ya bandeji, vikivimba au kucha zikianza kuachana, au ukivishika ni vya baridi, ujue imebana, mpeleke ikafungwe upya.