Kwa dada aliyeuliza kuhusu binti kupangwa beki kwenye hoki ya barafu

Dada yangu, swali lako nimelisoma asubuhi nikiwa kwenye foleni ya mafuta, nikajiambia hili halijibiwi kwa mistari miwili. Umesema binti ana miaka 9, mko Edmonton, Alberta, kocha kamtoa mbele kampanga beki, mtoto analia kwenye gari kila mkirudi mazoezini, na shemeji anasema karudishwa nyuma kwa kuwa hajui kufunga. Ukamalizia: hivi beki wa kike ana maisha yoyote huko mbele, au hela tunaitupa kwenye barafu?

Mimi ni mtu wa Tanga, huku Ontario, Kanada, nina mwaka wa 16. Binti yangu alianza hoki 2016 akiwa na miaka 8, msimu wa pili akapangwa beki, na leo ana 17 yuko hukohuko nyuma. Machozi ya kwenye gari nayajua. Yalidumu mpaka kama Desemba.

Shemeji nimwambie kwanza. Sisi tumekulia kwenye mpira wa mchangani, ambako mnene anawekwa golini na asiyejua anawekwa beki. Tunakuja huku na akili hiyohiyo. Hoki ya barafu wanaingia sita: kipa, mabeki wawili, washambuliaji watatu, na wanapokezana kila sekunde 45 hivi kwa sababu mtu hawezi kukimbia vile zaidi ya hapo. Mshambuliaji anakujia mbio huku anatazama anakokwenda. Wewe beki unakwenda kasi ileile kinyumenyume, fimbo umeinyoosha kumzibia njia, macho yako kifuani kwake na si kwenye kile kisahani cha mpira mgumu wanachokiita paki, maana paki inadanganya ila kifua hakidanganyi. Na papo hapo unatakiwa ujue nani anapita upande wa pili. Mshambuliaji akianguka, wenzake wanamcheka. Beki akianguka, kipa wake anaokota paki wavuni. Kazi hiyo kocha mwenye akili hampi mtoto asiyejua.

Mimi hilo nililijua kwa aibu. Msimu ule wa pili nilimfuata kocha nimejaa kweli. Niseme wazi: binti yangu ndiye alikuwa mtoto mweusi pekee kwenye timu, na mimi kichwani nilishaandika kesi nzima na hukumu yake. Mzee yule hakubishana na mimi. Aliniambia mechi ijayo nisikae na wazazi wenzangu kunywa kahawa, nikasimame nyuma ya kioo cha goli letu, nihesabu mara ngapi binti yangu anaifikia paki kabla ya mpinzani. Nikafika 19 nikapoteza hesabu, na kipindi cha tatu, yaani cha mwisho, kilikuwa hata hakijaanza. Sikumwomba radhi siku ile, mdomo ulikuwa mzito. Wiki iliyofuata nikampelekea maandazi. Mpaka leo tukikutana ananiulizia zile donati za pembe tatu.

Sasa kuhusu maisha huko mbele. Nitakusimulia habari za mtu mmoja, maana ukimfuata yeye utaiona njia yote ilivyokuwa na ilivyo sasa. Anaitwa Jocelyne Larocque. Amezaliwa Mei 1988 huko Ste. Anne, Manitoba, ni Mmétis, yaani watu waliotokana na wenyeji asilia wa Kanada na wahamiaji wa Kizungu, wengi wao Wafaransa. Ni beki, jezi namba 3 timu ya taifa. Kama hujawahi kumsikia sishangai. Wote tunamjua Marie-Philip Poulin, mshambuliaji wa Kanada, kwa sababu Poulin anafunga magoli ya fainali. Larocque ni yule anayehakikisha fainali bado ina maana mpaka Poulin apate nafasi.

Alisoma Marekani, Chuo Kikuu cha Minnesota Duluth, wakachukua ubingwa wa vyuo 2008 na 2010. Hapo usipapite haraka. Kwa wasichana wa kizazi chake mshahara ulikuwa chuo chenyewe: unacheza, unasomeshwa. Baada ya hapo kulikuwa na ligi ya wanawake ya Kanada iliyoanza 2007, na kwa miaka kumi wachezaji hawakulipwa mshahara. Bingwa wa Olimpiki anatoka kazini jioni, anakwenda mazoezini usiku, kesho anaamkia kazini tena. Msimu wa 2017/18 ndipo wakaanza kupewa kitu: kati ya dola 2,000 na 10,000. Kwa msimu mzima, dada, si kwa mwezi. Mimi nafanya kazi ghala na nilikuwa nawazidi.

Lakini tazama alichokifanya katika miaka hiyohiyo ya njaa. Sochi 2014, Olimpiki yake ya kwanza, Kanada wako nyuma 2-0 dhidi ya Marekani, zimebaki chini ya dakika nne. Jenner wa Kanada anafunga moja. Kanada wanamtoa kipa ili waongeze mtu wa mbele, Marekani wanaipiga paki ndefu kuelekea goli tupu, inagonga mwamba! Poulin anasawazisha ikiwa haijabaki hata dakika, halafu anafunga tena muda wa nyongeza. 3-2, dhahabu. Larocque ndiye anayetajwa kuwa mwanamke wa kwanza mwenye asili ya wenyeji wa Kanada kuichezea timu hiyo kwenye Olimpiki.

Pyeongchang 2018 ndiyo niliyoiona kwa macho yangu, na hii nakuomba umsimulie binti yako. Fainali Kanada na Marekani tena, kwa saa za huku Ontario ilianza saa tano usiku. Binti alikuwa na shule kesho yake, mama yake alikataa katakata, mimi nikamwamsha kimyakimya. Ikaenda 2-2, muda wa nyongeza, kisha mikwaju. Mshindi akafunga Jocelyne mwingine, Jocelyne Lamoureux wa Marekani, na kipa wao, Rooney, akamfungia njia Mkanada wa mwisho. Ilikuwa inakaribia saa nane. Kanada walikuwa wamechukua dhahabu nne mfululizo, ya tano ikaenda.

Kwenye kuvishwa medali, Larocque alivishwa fedha yake shingoni, na papo hapo akaivua, akaishika mkononi. Ofisa mmoja akamfuata kumwambia airudishe. Mitandaoni wakamshukia: hana adabu, mtoto wa kudekezwa, na kadhalika. Yeye akaomba radhi kwa maandishi, akasema hakukusudia kumvunjia mtu heshima, ni hisia zilimzidi. Mimi na mila zetu za “sema asante hata kwa kidogo” nilikuwa upande wa waliomsema, na nikasema kwa sauti pale sebuleni. Binti yangu, miaka yake 9 na nusu, akanijibu bila hata kunigeukia: “Baba, yeye ndiye beki. Anayahesabu yale mawili yaliyoingia.” Sikuwa na la kujibu. Bado naona angeivaa tu, sherehe si yake peke yake. Ila tangu siku ile simsemi mtu aliyefungwa kabla ya kujua alikuwa amesimama wapi.

Mwezi mmoja baadaye, Machi, Larocque huyohuyo akiwa na klabu yake ya Markham Thunder akachukua Kombe la Clarkson, ubingwa wa ile ligi ya wanawake ya Kanada, 2-1 muda wa nyongeza dhidi ya Kunlun Red Star, timu ya China iliyokuwa ikicheza ligi ile. Mwaka mmoja tu baada ya hapo, mwisho wa Machi 2019, ligi ikatangaza inafungwa. Hela hakuna. Hapo alikuwa anakaribia miaka 31. Wachezaji wakubwa wakakataa kurudi kucheza kwa posho, wakaunda umoja wao, wakazunguka wakicheza mechi za maonyesho mji hadi mji. Misimu minne bila ligi yao wenyewe. Katikati ya hayo akaenda Beijing 2022 akarudi na dhahabu, Marekani wamelala 3-2. Hiyo aliivaa.

Ndipo ikaja ligi ya sasa ya kulipwa ya wanawake, PWHL. Septemba 2023 wakafanya usajili wa kwanza, wachezaji 90 kwa timu sita. Wa kwanza kuitwa alikuwa Taylor Heise, mshambuliaji kijana aliyetoka chuo, akaenda Minnesota. Wa pili, Toronto wakasimama wakamwita beki wa miaka 35. Hebu shemeji asome tena hapo. Timu ina uwanja wa kumchagua karibu mtu yeyote, inachukua beki ambaye kwa kufunga humkuti juu kwenye orodha yoyote. Kwa nini? Kwa sababu timu mpya haijui chochote, na inataka mtu mmoja nyuma anayejua kila kitu.

Mshahara wa chini ukawekwa dola 35,000, na kila timu ikalazimika kuwa na wachezaji wasiopungua sita wanaolipwa 80,000 na kuendelea. Utajiri haupo hapo. Ila kodi ya nyumba unalipa, na asubuhi unakwenda mazoezini badala ya kwenda ofisi ya mtu.

Mechi ya kwanza kabisa ya ligi ilikuwa tarehe 1 Januari 2024, Toronto na New York, pale uwanja wa Mattamy, Toronto. Tiketi sikupata, tukaangalia nyumbani na pilau la mwaka mpya. New York wakashinda 4-0. Goli la kwanza katika historia ya ligi alifunga Ella Shelton. Beki! Binti yangu aliruka kwenye kochi kushangilia goli walilofungwa timu yake mwenyewe, mama yake akadhani kachanganyikiwa. Februari nikajipinda nikanunua tiketi za Scotiabank Arena, uwanja mkubwa wa Toronto, mechi ya Toronto na Montréal, tukawa watu 19,285 ndani, Toronto wakashinda 3-0. Nilimwambia leo tusiifuate paki, tumfuate namba 3 peke yake kila akiingia. Jaribu hilo na binti yako, hata kwenye runinga. Utaona kabla hajaipokea paki kwenye kona anageuza shingo mara mbili, kulia na kushoto, kama mtu anayevuka barabara ya Kariakoo. Akiipata haitulii naye hata sekunde mbili, imeshaondoka. Makofi hapigiwi. Siku ile watu wazima nyuma yangu walikuwa wanauliza yule namba 3 anafanya nini hasa.

Nisikupambie pia. Mwisho wa Desemba 2024, akiwa na miaka 36, Toronto walimbadilisha na wachezaji wa Ottawa. Ndivyo ligi ya malipo ilivyo, unaamka una mji mwingine. Ottawa wakafika fainali 2025, wakafungwa na Minnesota mechi 3 kwa 1, zote nne 2-1 na zote nne muda wa nyongeza. Kwa beki sijui mateso gani yanazidi hayo.

Gharama nitapita juujuu maana Alberta si Ontario. Ligi ya mtaa, ile ya kila mtoto anacheza, mimi nililipa chini ya dola 800 kwa msimu. Alipopita mchujo akaingia timu ya kusafiri ikawa maelfu, na hoteli, na wikendi zako zote zimekwisha. Usikimbilie huko. Miaka 9 ligi ya mtaa inamtosha kabisa, mtu yeyote anayekuambia vinginevyo anauza kitu. Vifaa nunua mitumba, watoto wanakua kabla havijachakaa, isipokuwa kofia na kinga ya shingo, hivyo nunua vipya. Viatu vya barafu vina visu chini, vinolewe, wazazi wetu wengi hatujui hilo. Mimi nilimpeleka mtoto miezi miwili na viatu butu nikidhani anaogopa kugeuka.

Na hapa ndipo jibu langu kuhusu maisha lilipo. Nafasi kwenye ligi ya malipo ni chache mno, kila timu inabeba mabeki saba hivi. Chuo ndiyo shabaha ya kweli. Vyuo vya Marekani na vya Kanada vinatafuta mabeki kuliko unavyodhani, kwa sababu kila mzazi, akiwemo shemeji, anataka wake afunge. Wa kwangu sasa hivi anawaandikia makocha, video zake nakata mimi usiku. Watatu wamejibu. Mmoja aliuliza jambo moja tu: alama za hisabati. Jumamosi anachezesha mechi za watoto kama refa, analipwa, hela ya mafuta haniombi tena.

Kuhusu machozi ya kwenye gari, usimwambie beki ni muhimu, hatakuamini. Kasimame nyuma ya kioo uhesabu, halafu kwenye gari mtajie namba.

Nimebakiwa na begi la vifaa vya umri wa miaka 9 hadi 11: kinga za magoti, viwiko na mabega, na suruali. Nitumie ujumbe wa faragha na vipimo vyake, nitakutumia na basi la mizigo. Harufu yake niliifua mara nne, kwa hilo la tano utanisamehe.