Kamishna wa Mahakama Alipotugawia Shamba kwa Rula

Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Milimani, Nairobi, ilipoamuru shamba letu la Ruai ligawanywe sawa baina yangu, dada yangu na kaka yetu mkubwa, ilimteua soroveya mmoja awe kamishna wa kulipima na kupendekeza mipaka. Katika ripoti yake kila mmoja alipata hekta 0.2 kati ya hekta 0.6, na kwa mtu aliyeisoma akiwa ofisini haikuwa na dosari yoyote. Sisi tuliolima pale tangu utotoni tuliona jambo jingine: kaka alikuwa amepewa upande wa barabarani wenye kisima na nyumba za kupangisha, dada akawekwa katikati, nami nikasukumwa hadi ukingoni mwa mto, pasipo njia ya kuingilia.

Nilikosea mwanzoni. Hati ya kiapo niliyoiandaa kwa hasira ilidai kwamba kamishna alikunywa chai ya kaka, na wakili wangu alipouliza ushahidi uko wapi, sikuwa na la kusema. Aliifuta aya yote, akaweka mezani amri iliyomteua kamishna, akaweka ripoti kando yake, akaniambia nizisome mstari kwa mstari. Nawe anzia hapo. Amri ilitaka wahusika wote wajulishwe kabla ya shamba kutembelewa, na thamani ya kila kipande izingatiwe pamoja na ukubwa wake. Ripoti haikutaja tarehe ya ziara, wala neno thamani halikuwamo.

Kisha nililipa soroveya wangu mwenyewe, gharama iliyoniuma lakini ambayo sijaijutia. Tulitembea naye kutoka bikoni, yaani alama ya mpaka, hadi bikoni tukivuta futi kamba kwenye matope, tukakuta kwamba ukanda wa mita 10 kwa 40 kandokando ya mto haufai kujengwa, yaani mita 400 za mraba kati ya 2,000 nilizopewa. Hesabu hiyo ndogo, pamoja na picha na mchoro wake, ilibeba uzito ambao tuhuma zangu zisingeubeba kamwe.

Wengi hudhani ripoti ya kamishna ni hukumu. Kwa mujibu wa Agizo la 28 la Kanuni za Utaratibu wa Madai za Kenya za mwaka 2010, ripoti hiyo ni ushahidi, na mhusika anaweza, kwa ruhusa ya mahakama, kumhoji kamishna mbele ya jaji kuhusu yaliyomo na namna alivyofanya kazi yake. Omba ruhusa hiyo ndani ya siku ulizopewa za kuwasilisha pingamizi, kwa maana ripoti ikishapitishwa utakuwa unapambana na amri ya mahakama, na hilo ni zito zaidi.

Kwa maoni yangu, dakika chache za kumhoji zilitufaa kuliko kurasa zote za kiapo. Wakili wangu alimwomba aonyeshe kwenye ramani yake mahali ambapo gari lingepita kufika kwenye kipande changu. Aliigeuza ramani mara mbili, akaweka kidole, akasema kwa sauti ya chini, “Kupitia kwa jirani, Mheshimiwa.” Jaji aliandika kwa muda mrefu.

Hatukuomba ripoti nzima itupwe, kwa kuwa vipimo vyake vya nje vilikuwa sahihi na kuanza upya kungetugharimu sote. Tuliomba kamishna arudi shambani mbele ya pande zote, akiwa na mthamini, na atenge njia. Ombi la namna hiyo ni rahisi kukubaliwa, maana mahakama isiporidhika ina uwezo wa kuagiza uchunguzi zaidi.

Ripoti ya pili ilinipa njia ya mita 6 iliyokatwa kwenye vipande vya dada na kaka, na ikanifidia ukanda wa mto. Safari hii kaka ndiye aliyewasilisha pingamizi, akaomba kumhoji kamishna, na jaji akamruhusu.