Dansi letu si la kuiga

Mkuu, umeuliza kama muziki wetu wa dansi ni nakala ya Kongo tu. Nakataa, tena nikiwa hapa Tabora. Rumba ilitufikia kweli, Kigoma na Kongo si wanatazamana ziwani? Lakini Tabora Jazz walikuwa na mtindo wao, Segere Matata, wakiimba Kiswahili cha kila siku. Redio ya baba ilikaa juu ya kabati. Ikikoroma anaipiga kofi ubavuni, kisha nyumba nzima kimya. Mnyamwezi, Muha, Mmanyema, hakuna aliyeuliza kabila la mwimbaji. Na kabla ya gitaa, wapagazi wa Kinyamwezi waliimba na mizigo mabegani mpaka Bagamoyo, mmoja akianza, wenzake wakiitikia. Kuitikia kule mimi nakusikia bado kwenye dansi.