Mnaoanza utafiti wa kesi za uwakilishi, anzieni kwenye orodha ya wadai

Wanafunzi wengi wa sheria wanaotafuta mada ya tasnifu hunijia wakiwa wameshajaa kesi za uwakilishi za Marekani, yaani zile ambazo mmoja hudai kwa niaba ya wengi. Wanajua kwamba kule, tangu Kanuni ya 23 ya mwenendo wa madai wa mahakama za shirikisho ilipofanyiwa marekebisho mwaka 1966, katika kesi za fidia mtu huhesabiwa yumo kesini mpaka ajitoe mwenyewe. Ni vyema kuyajua hayo, lakini kwetu mlango ni mwengine.

Tanzania Bara, Amri ya 1 Kanuni ya 8 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inamruhusu mmoja kudai kwa niaba ya wengi wenye maslahi yale yale, akipata kwanza ruhusa ya mahakama, na wenzake wapewe taarifa. Zanzibar ina sheria yake ya mwenendo wa madai, Sura ya 8. Zisomeni bega kwa bega, wala msinukuu ya Bara kana kwamba ndiyo ya Visiwani. Kisha someni uamuzi wa Mahakama ya Rufani katika shauri la K.J. Motors dhidi ya Richard Kishamba, kwa utulivu. Mahakama inasema mwombaji lazima aonyeshe kwamba anaowasemea wapo kweli na wamemtuma. Vyenginevyo anaweza kudai kwa niaba ya maiti, au ya watu wasiokuwepo kabisa.

Kwa hiyo kazi yenu imo kwenye orodha ya hao wanaosemewa. Chukulia wakulima wa mwani wa Jambiani wanaodai fidia ya ufukwe ulioharibiwa. Katika shehia moja, jina la mtu, la baba na la babu yanaweza kufanana na ya jirani yake. Bila ya nambari ya kitambulisho cha Mzanzibari hamtawatenganisha. Alama ya dole gumba iliyofifia, aliyoiweka mtu badala ya saini, itapingwa na wakili wa upande wa pili. Na aliyefariki haki yake haifi, ila anayeisemea awe msimamizi halali wa mirathi; fuatilieni mpaka Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana. Mimi naona tasnifu inayochambua orodha moja namna hii ina faida kuliko kurasa mia za nadharia.

Mkenda kuwahoji kina mama hao wa mwani, msende siku za bamvua, maji yakitoka wote wako pwani. Piteni kwa sheha kwanza. Halafu muulizeni kila mmoja peke yake: habari ya kesi aliipata kwa nani, na alipoweka dole alisomewa nini?