Mume wangu anataka paswedi zangu zote, nimpe?

Mdogo wangu, pole. Kwa wasomaji wengine: bibi harusi huyu ni Mhindi mzaliwa wa Mombasa, kaolewa Ahmedabad juzi juzi, sasa wanaishi Bengaluru na wote wawili wanafanya kazi za kompyuta, yeye mchana, mume usiku manake wateja wake wako Marekani, wanapishana mlangoni tu. Mume anadai wanandoa hawafichani, anataka paswedi ya simu, ya imeili na PIN ya UPI (mfumo wa India wa kulipa kwa simu), na bibi harusi tayari kakuta WhatsApp yake iko wazi kwenye laptopu ya mume. Anaogopa akikataa ataambiwa ana mtu.

Usimpe. PIN ya UPI hata benki wanakwambia usimpe mtu yeyote, na imeili ya ofisi sio yako kugawa, siri za wateja zikivuja kazi unapoteza wewe. Uwazi wa hela ni kitu kingine kabisa, huo mpe wote: mshahara, madeni, mnachotuma kwa wazazi wa pande zote, mfungue na akaunti ya pamoja ya matumizi ya nyumba.

Na usidanganywe eti ndoa inafuta faragha. Mahakama ya Juu ya India mwaka 2017, majaji 9 wote kwa pamoja, walisema faragha ni haki ya msingi, na 2023 Mahakama Kuu ya Karnataka, jimbo la hapo hapo Bengaluru, ikasema mke hawezi kupewa taarifa za Aadhaar (namba ya utambulisho ya India) za mumewe kisa tu kaolewa naye. Ila 2025 Mahakama ya Juu ilikubali maongezi yaliyorekodiwa na mwenza kwa siri yatumike kwenye kesi ya talaka, kwa hiyo mkianza kuviziana huko mbele kubaya jamani.

Mimi naona shemeji hajui siku yako inaendaje, ndo anaitafuta kwenye meseji. Hajafanya vizuri, lakini hilo linatibika. Ingia WhatsApp, vifaa vilivyounganishwa, itoe hiyo laptopu, halafu mwambie mwenyewe kabla hajagundua, siku ambayo hamna zamu. Muulize alikuwa anatafuta nini, umsikilize mpaka amalize. Kisha mkaongee na mabosi wenu, hata siku mbili za wiki saa zenu zilingane. Faragha ni pamoja na picha zenu kwenye grupu la mama mkwe, kubalianeni kabla ya kutuma.

Akikutisha au akikunyang'anya simu, hapo sio mapenzi tena, piga 181, ni laini ya wanawake huko India.