Kabla hujanakili jina la kundi kutoka kitabu cha zamani

Wadogo zangu mnaoanza zoolojia hapa Kampala, mkifungua vitabu vya karne ya 19 mtakuta amfibia wamegawanywa kwa matamvua: Caducibranchiata, wanaoyapoteza wakikua, na Perennibranchiata, wanaobaki nayo maisha yote. Msiyanakili majina hayo kwenye ripoti kana kwamba bado yanatumika. Mgawanyo huo ulishaachwa.

Aliyeuvuruga ni aksolotli wa Mexico, aina ya salamanda (amfibia mwenye mkia). Ana matamvua yaliyochanua pembeni mwa kichwa na huzaa akiwa nayo, kwa hiyo aliwekwa kundi la pili, ingawa Cuvier, mwanazoolojia Mfaransa, alimweka huko shingo upande, akishuku kwamba ni mtoto wa mnyama mwingine. Mwaka 1865, mjini Paris, mwanazoolojia Auguste Duméril akaona baadhi ya watoto wa aksolotli wake wakipoteza matamvua na kuwa salamanda wa nchi kavu. Ndugu wa tumbo moja, makundi mawili! Baadaye ikajulikana kwamba homoni ya tezi ya thiroidi inatosha kumbadilisha. Kumbe matamvua yalikuwa yanaonyesha mnyama amekua hadi wapi, wala si ukoo wake. Leo oda za amfibia ni tatu: Anura (vyura), Caudata (salamanda) na Gymnophiona (wasio na miguu).

Uganda hatuna salamanda wa asili, kwa hiyo mambo haya mtayaona kwa viluwiluwi. Chukueni mayai ya chura dimbwini, myaweke kwenye beseni lenye maji yaleyale ya dimbwi (ya bomba yana klorini), kisha mtazame kila asubuhi kwa lenzi. Kiluwiluwi kikitoka tu kwenye yai huwa na matamvua ya nje, membamba kama nyuzi. Ukichelewa siku chache umeyakosa, maana ngozi huyafunika. Hapo tafuta tundu la kutolea maji: wengi wana moja, upande wa kushoto. Ukiona mawili, pamoja na sharubu mbili ndefu mdomoni, huyo ni Xenopus, jenasi ya vyura waishio majini, na kwa maeneo ya Ziwa Victoria yaelekea ni Xenopus victorianus. Kwangu mimi, tundu hilo lina faida kuliko sura nzima ya uainishaji wa kale.

Viluwiluwi vihifadhiwe kwenye fomalini, vyura wakubwa kwenye ethanoli. Lebo ya zamani msiitoe mtungini hata kama jina limepitwa na wakati. Ongezeni ya pili yenye jina la sasa na tarehe, muiandike kwa penseli, maana wino wa kalamu ya kawaida huyeyuka kwenye ethanoli.